Pazia la Kambini

Katika kambi ya askari tulimokaa, hapa Kampala, chumba kimoja kilipewa familia mbili, na katikati pakaning'inizwa pazia la shuka. Upande huu mimi na mume wangu. Upande ule askari mwenzake na mkewe. Nilijua wanapopiga mswaki, nilijua mchuzi wao umeungua. Lakini sijawahi kuwa mpweke kama nilivyokuwa pale, watu wakikoroma karibu kabisa na mto wangu.

Pazia lile lilikuwa na adabu yake. Mume akianza kumpiga mkewe, jirani anaongeza sauti ya redio. Ndiyo heshima yenyewe: hujasikia, huna la kusema kesho kwenye bomba la maji. Mume wangu alikuwa na mkono mwepesi, kwa hiyo redio yao ilipiga kelele sana. Nami sitajitakasa: zamu ya mwanamke mwenzangu ilipofika, niliongeza yetu.

Jumapili moja mchana nilichelewa kurudi kutoka sokoni Nateete. Kofi la kwanza lilinipata kabla sijaweka kikapu chini. Ng'ambo ya pazia, kwaya ya redioni ikapanda. Sijui kipi kilinichukiza zaidi, kofi au ile kwaya. Nililishika pazia kwa mikono miwili nikalivuta mpaka kamba ikakatika.

Walikuwa wanakula matoke. Mkono wa mume wangu ulikuwa bado hewani.

"Kila siku munasikia tu," nikawaambia. "Leo muangalie."

Hakuna aliyemeza. Mume wangu akaniambia kwa sauti ndogo nirudishe pazia. Nikamwambia arudishe yeye, na akinigusa tena nitaling'oa tena, hata kama ng'ambo ameketi mkubwa wake wa kazi. Mkono ukashuka.

Hajanigusa tangu siku hiyo. Lakini majirani walifunga pazia jipya, zito, na kwenye bomba wanawake wakaacha kunisalimia. Niliteka maji peke yangu, nikalia peke yangu, nikiwa na hasira nao wote.

Kisha asubuhi moja nikasikia kiti kikianguka ng'ambo, na yule mwanamke akisema basi, basi. Mkono wangu ukaenda kwenye redio kwa mazoea. Nikaizima. Nikasimama mbele ya pazia, mahali ambapo hakuna aliyewahi kubisha, nikapiga hodi.

Halafu sauti yake, si ya mumewe, ikasema, "Karibu."