Orodha Niliyoichoma

Nilijifunza kupiga taipu peke yangu, kwa mashine kuukuu ambayo baba aliinunua kwa mzungu aliyekuwa akiuza vyombo vyake kabla ya kuhama. Baba alikuwa ametia akiba yake katika kampuni ya kununua ardhi upande wa Moi's Bridge, na shamba lilikuwa bado halijagawanywa. Kwa hivyo kaunsil, yaani baraza la mji, ilipotangaza kazi ya karani huko Eldoret, nyumba yetu yote ya Kiplombe iliutazamia mshahara huo.

Tulifanya mtihani. Majina yakabandikwa ubaoni, kila jina na alama zake, na langu lilikuwa la kwanza. Nilirudi mara tatu kulitazama, nikihofia nimesoma vibaya. Wiki mbili baadaye kiti kile kilikaliwa na shemeji ya diwani mmoja, kijana ambaye hakuufanya mtihani wenyewe. Nilipouliza, karani mkuu aliniambia, "Orodha gani? Hapa hakuna orodha iliyobandikwa."

Mzee aliyekuwa akifagia ofisi hizo alinifuata hadi barabarani. Alikuwa ameiokota orodha kwenye pipa la taka. "Chukua," akasema, "lakini usinitaje. Mimi nina watoto."

Niliamua kwenda kortini. Wakili sikuwa naye, kwa hivyo niliazima kitabu cha sheria na kukisoma hadi nikajua madai huandikwaje. Niliyapiga taipu mara saba. Kila nilipokosea herufi moja nilianza ukurasa upya, maana sikuweza kuvumilia alama ya kufuta.

Hapo ndipo nilipofanya jambo ambalo bado linanitoa jasho. Ile orodha ilikuwa imechanika pembe, ina doa la chai, na mihuri miwili iliyogongwa upande upande. Niliona haya kuiweka karibu na kurasa zangu. Nikainakili yote, nikazinyoosha safu za alama, kisha nikaitia karatasi chafu jikoni, kwenye makaa.

Siku ya kesi hakimu aliishika nakala yangu muda mrefu.

"Kijana, hii imepigwa taipu na nani?"

"Na mimi, mheshimiwa."

"Na ile yenyewe iko wapi?"

"Niliichoma, mheshimiwa."

"Uliichoma?"

"Ilikuwa na doa la chai."

Watu wa viti vya nyuma walicheka. Wakili wa kaunsil akasimama, akaninyooshea mkono kama anayenitambulisha harusini. "Mheshimiwa, mteja wangu hana ubishi kwamba kijana huyu anajua kupiga taipu."

Hakimu aliuliza kama nina shahidi aliyeiona orodha yenyewe. Nilimfikiria yule mzee na watoto wake. Wenzangu wa mtihani niliwaomba mapema, wote wakakataa. Kila mmoja alikuwa bado anatafuta kazi hapo hapo. Nikasema sina. Kesi ikatupwa kabla ya saa sita.

Nyumbani nilisema tu kwamba nimeshindwa. Mama akamalizia mwenyewe: hakimu amenunuliwa. Aliwaambia majirani, akawaambia akina mama wa kanisa, wakaniombea kwa jina. Mwezi mzima nilikuwa nikiitikia amina. Kisha siku moja, Mama akiwa anamenya viazi, nilishindwa kujizuia.

"Mama, hakimu hakununuliwa. Orodha niliichoma mimi."

"Kwa nini?"

"Ilikuwa chafu."

Alinitazama, akazitazama nguo zangu chafu zilizorundikana chini ya kitanda. "Chafu! Na nguo zako nani huzifua?" Alicheka kidogo, kisha uso ukabadilika. "Nimemsingizia hakimu wa watu kanisani mwezi mzima. Na wewe unanisikia."

"Nakusikia, Mama."

"Basi Jumapili utasimama wewe uwaambie."

Nilisimama. Nilikuwa nimeandika maneno yangu kwenye karatasi, lakini mama aliichukua mlangoni mwa kanisa, akaniambia niseme tu.