Chainizi na Yowe Nisilolisikia

Niliondoka milima ya Tarime asubuhi, ukungu haujapanda, bila kujua nakwenda wapi. Nilikuwa na blanketi, panga, na mbegu za chainizi nilizofunga kwenye pindo la leso. Nimehama mara nyingi. Shule niliiacha darasa la tano kwa sababu nilitaka kujua barabara ya malori ya mbao inaishia wapi. Lakini asubuhi hiyo sikusukumwa na hamu ya kujua. Niliogopa. Kila mbwa alipobweka niligeuka nyuma.

Mama mmoja mjane alikuwa amenipa kipande cha bondeni, kando ya kijito, nilime tugawane mavuno. Chainizi inaipenda baridi ya kule. Majani yanatanuka kama masikio ya ndama, bua linabaki jeupe na laini, wala haina haraka ya kutoa maua kama inavyofanya kwenye joto. Adui yake ni vidukari, wale wadudu wadogo wanaojazana chini ya jani. Dawa yangu ilikuwa kuwapiga maji asubuhi mapema kwa pampu ya petroli. Ikinguruma ile, hata mtu akikuita begani humsikii.

Mama alizicheka. "Mboga za wagonjwa hizi," alisema. "Hazina hata uchungu! Chinsaga, mgagani wetu, ndiyo mboga. Ukila, unajua umekula." Lakini kikapu chake hakikupanda mlima kitupu.

Asubuhi moja nilikuta tuta la mwisho limeliwa na kukanyagwa, na mavi mabichi ya ng'ombe kila mahali. Nikadhani ni ng'ombe wa jirani. Kwa hasira nikazoa mavi yote kwa ndoo, nikayatia kwenye shimo la mbolea, nikasawazisha tuta kwa jembe. Kisha nikawasha pampu nikamwagilia mpaka udongo ukawa uji.

Nilipoizima, wanaume walikuwa wamesimama nyuma yangu. Walishika mapanga na pinde, wanahema.

"Wewe mura," alisema mmoja, "yowe limepigwa kijiji kizima. Ulikuwa wapi?"

Kule yowe la ng'ombe walioibiwa si mwaliko. Kila mwanaume hutoka mbio, hata mwenye homa. Asiyetoka anajua ng'ombe walipo. Na wakifuata nyayo zikaingia kwa mtu, mtu huyo lazima aonyeshe zilipotokea. Akishindwa, ng'ombe wako shingoni mwake. Nyayo zilikuwa zimeingia kwangu, zikaishia kwenye matope niliyoyamwaga kwa mkono wangu.

"Nilikuwa namwagilia," nilisema.

"Anamwagilia!" kijana mmoja alidakia. "Juzi mvua imenyesha, yeye anamwagilia. Anaosha nyayo huyu."

"Na mavi je? Ng'ombe wa nani hao wanaopita bila kuacha mavi?" mwingine aliuliza.

Nikawaonyesha shimo. Badala ya kuniokoa, likanimaliza. Mtu akanishika ukosi wa shati. Nakumbuka mpira wa pampu ukinidondoshea maji miguuni, na mimi nikiwaza kwamba hapa sina ndugu, nikianguka hakuna atakayekuja kuuliza.

Mama alishuka mbio. "Mwacheni! Huyo ni mgeni wangu."

"Basi utalipa wewe, mama?"

Akarudi hatua moja nyuma. Hatua ile iliniogopesha kuliko mapanga.

Kati yao kulikuwa na mzee waliyemtegemea kufuata nyayo. Alivuka kijito, akapanda taratibu kwa kufuata maji, ameinama, mpaka kwenye mawe ya juu. Akaita. Tulipofika, mimi bado nikiburutwa, alikuwa ameshika jani lililotafunwa nusu, bua lake jeupe limevunjika.

"Mama, hii ni nini?"

"Chainizi ya huyu."

"Nani mwingine analima?"

"Nani mwingine alime mboga za wagonjwa?"

Mmoja akacheka, na mkono ukaachia shati langu. "Wezi waliwapitisha majini," mzee alisema, "wakatokea hapa. Mmoja alikuwa bado anatafuna." Mbele yake, kwenye udongo kati ya mawe, alama za kwato zilikuwa wazi.

Wakakimbia. Nikakimbia nao, maana kubaki kungekuwa kosa la pili.

Ng'ombe hawakupatikana. Jioni hiyo niliposalimia njiani, salamu zangu zilijibiwa nusu. Kulipokucha nikaondoka.

Lori la mahindi lilinichukua kupitia Nyamongo, tukavuka daraja la Mto Mara. Nilishuka Mbalibali kwa sababu lilisimama hapo kupoza injini. Joto lilinipiga usoni. Nikamwona mzee mmoja akikarabati zizi.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Unatafuta nini?"

"Pa kulala, na pa kulima mboga."

Nikafungua leso. Akazitazama mbegu. "Chainizi? Jua la huku litaziunguza."

"Nitazipanda chini ya migomba, karibu na maji."

Alinionyesha chumba kando ya banda la mbuzi. "Kisima kipo bondeni," alisema. "Na pampu ninayo, usihangaike."

"Nitachota kwa ndoo, baba."

"Kwa ndoo! Una wazimu? Utavunjika mgongo."

"Huku yowe likipigwa, linatokea upande gani?"

Akanionyesha kilima kwa kidole, akanifungulia mlango wa chumba. Nikatandika blanketi upande huo, nikaacha dirisha wazi.