Mto wa Mita Moja na Nusu

Mto mzima ulinigharimu yuan elfu mbili na mia nane, milima ikiwemo, maporomoko yakiwemo, theluji nikapewa bure. Nauli ya teksi kutoka Xiaobei, mtaa ninaoishi hapa Guangzhou, sijaitia, maana nilipanda treni.

Mto wenyewe uko Norwei. Shemeji yangu, mume wa mdogo wangu, anafanya kazi kule kwenye kambi ya wavuvi wa samoni: anaosha maboti, anabeba mizigo, anawaonyesha wageni njia. Bosi wake alitaka mfano wa mto auweke mapokezi, urefu mita moja na nusu, ili kila mgeni ajue yuko wapi. Shemeji akadakia kwamba ana ndugu Guangzhou atakayeutengenezesha kwa robo ya bei. Kazi yake ni ya msimu, na mkataba wa msimu ujao ulikuwa bado haujasainiwa. Sasa elewa alichokiweka rehani.

Alinitumia ramani, na maelezo kwa sauti. Nilisikiliza mara mbili, na mara zote mbili nilinusa utapeli. Mto unaanzia nyanda za juu kwenye theluji, unapita maziwa mawili, unaingia bonde jembamba, unaanguka kwenye maporomoko. Kisha unatulia, kilindi baada ya kilindi, mpaka unapomwagikia kwenye mkono wa bahari uliojipenyeza katikati ya milima. Mpaka hapo sawa. Lakini samoni hutoka baharini akaupanda mto huo kwenda kutaga kwenye kokoto alikozaliwa, na akishaingia kwenye maji yasiyo na chumvi, hali chochote tena.

"Hali, halafu anashika chambo cha nini?" nilimuuliza.

"Hata wataalamu hawana hakika, shemeji. Labda hasira."

"Na mgeni analipia?"

"Analipia kwa siku, kwenye kipande chake cha mto. Wengi wakimpata wanamrudisha majini."

"Una uhakika hapo kambini hawasafishi hela chafu?"

Alicheka. Mimi sikucheka.

Karakana niliyoipata ni ya mama mmoja wa makamo anayetengeneza mifano ya maghorofa kwa wauza nyumba. Nilimwita laoban, kama tunavyomwita hapa kila mwenye mali. Tuliongea kwa kikokotoo na simu ya kutafsiri. Alianza na elfu nne. Nikaondoka hadi mlangoni, nikarudi. Nikaondoka tena. Kwenye elfu tatu na mia nne aligoma: "Bu xing!" Haiwezekani, na akaendelea kula tambi zake. Nikaandika kwenye simu: "Punguza, rafiki, mimi mteja wako wa siku zote." Ndiyo kwanza tulikuwa tunaonana. Akaitazama ramani kwa muda, akaweka kidole mahali. Simu ikatafsiri: "Hiki kidogo kina kazi nyingi. Nikikiondoa, elfu mbili na mia nane?" Mimi nikaishika bei tu. Nikakubali kabla hajabadili mawazo.

Siku ya kuuchukua nilihesabu vilindi. Kwenye ramani ishirini na tatu, kwenye mfano ishirini na tatu. Nikarudia kuanzia baharini kwenda juu, kama samoni: ishirini na tatu. Nikakwaruza rangi kwa ukucha, nikachungulia chini. Hakuna kasoro, na hilo ndilo lililonikosesha raha. Nikampigia shemeji kwa video, nikapitisha simu juu ya mto taratibu. Alisifu kila kona mpaka tulipofika kwenye maporomoko.

"Shemeji, ngazi iko wapi?"

"Ngazi ya nani?"

"Ya samaki! Pale ni parefu, hawawezi kuparuka. Wamejengewa ngazi ya zege pembeni, wanapanda kidimbwi kwa kidimbwi. Bila ngazi samoni wote wanaishia chini."

"Na kambi yenu iko wapi?"

"Juu."

Nikamgeukia laoban. Hakuwa na haya hata chembe. Aliifungua ramani, akaweka kidole palepale pa siku ile, kwenye kistari chekundu chembamba kando ya maporomoko. Simu yake ikasema: "Ngazi. Ulikubali. Hakuna njia ya watu inayofika hapo, nikaona haina kazi." Kuiondoa kuliniokolea mia sita. Kuirudisha ni elfu moja, maana lazima avunje mlima.

Nilimshuku shemeji, nikamshuku bosi wake, nikamshuku hata samaki. Bei iliyoporomoka mia sita kwa mpigo mmoja sikuishuku. Na ni mimi huyuhuyu ninayewafundisha wanaokuja mara ya kwanza: laoban akikubali haraka, tafuta alichokitoa.

Mzigo unapaa Ijumaa. Shemeji hakunigombeza, alisema tu, "Fanya kama ni kazi yako," na tangu hapo silali vizuri. Jana nilikwenda Yide Lu, kwenye maduka ya vitu vya kuchezea, nikaona ngazi za nyumba za wanasesere, rangi ya zege kabisa, yuan kumi na mbili kwa dazeni. Kila moja ina vidato kumi. Nikaikuza picha ya ngazi ya kweli, nikahesabu vidimbwi: kumi na nane. Nikarudia: kumi na tisa.

Nyinyi mliowahi kusimama kando ya mto kama ule, nishaurini kabla ya Ijumaa: nilipe elfu moja mlima uvunjwe, au nibandike ngazi mbili za wanasesere na kumwomba Mungu? Ila asiniambie mtu kwamba wageni hawatahesabu. Mimi ningehesabu.