Sketi ya Pazia

Sketi ile niliishona mimi. Naanza na hilo kwa sababu siku lilipotakiwa kusemwa, nilinyamaza.

Binti yangu alikuwa na miaka kumi na sita, na akili yake yote ilikuwa Japani. Jioni, tukishapeleka majani ya chai yetu kituoni, alinionyesha kwenye simu makundi ya wasichana wa huko wanaoimba na kucheza kama mtu mmoja, sketi fupi za marinda, riboni kichwani, soksi mpaka magotini. Yeye na wenzake wawili wakaanzisha kikundi chao. Walifanyia mazoezi kwenye njia kati ya michai, na gumbuti miguuni, nami nilicheka mpaka machozi. Sijawahi kumwona mtu mwenye furaha kama ile hapa Sosiot.

Siku moja akanionyesha mwimbaji mmoja wa Japani akilia. Kosa lake lilikuwa kuonekana na mvulana, maana huko msichana kama huyo ni wa mashabiki wote, hatakiwi kuwa na mpenzi. Aliinama mbele ya kamera, mgongo umelala kama meza, akakaa hivyo muda mrefu.

"Na mamake ako wapi?" nikauliza kwa hasira. "Mtoto wake analizwa hivyo na amenyamaza tu?"

"Si ni rules zao, mum. Lazima aombe mafans msamaha."

"Rules gani! Ingekuwa ni wewe, ningekuja hapo mbele nikutoe."

Nilisema hayo kwa kinywa changu hiki.

Sokoni Chepilat nikapata pazia la mtumba, rangi ya waridi. Nikakata sketi tatu fupi, kila moja marinda ya ngazi tatu. Siku ya vijana kanisani wakazivaa, wakacheza pambio kwa hatua za Kijapani. Watoto walishangilia. Wazee wa kanisa hawakushangilia.

Kwetu, aliyekosa husimama mbele siku ya Jumapili akatubu. Asipotubu, hukaa benchi la nyuma wala haimbi kwaya. Wale wenzake wawili walihamia benchi la nyuma. Binti yangu alipenda kuimba kuliko kula, kwa hiyo akasimama.

"Hii nguo ulitoa wapi?" mzee akamuuliza.

Akanitazama. Nilikuwa kwenye safu ya akina mama, nimevaa kitambaa cheupe cha kichwa, alama ya chama chetu, na kanzu za kwaya nilizozishona mwenyewe zimevaliwa mbele yangu. Niliogopa kuvuliwa kitambaa kile. Niliogopa macho ya wanawake wenzangu. Nikatazama jalada la Biblia yangu.

"Nilishona mwenyewe," akasema.

Huyo hajui hata kutunga uzi kwenye sindano, na kanisa zima linajua cherehani iko nyumba gani. Mzee akaitikia kwa kichwa. Kisha akainama, ule mwinamo wa Japani, mgongo umelala kama meza, akakaa hapo mpaka watu wakaanza kukohoa. Wakadhani ni unyenyekevu. Wakasema amina.

Walimrudisha kwaya lakini hakuimba tena. Kikundi kilikufa. Ananiheshimu sana siku hizi, heshima ya mgeni, na kuniita mum ameacha.

Juzi aliniletea sketi zake zote, hata za shule. "Niongezee urefu, mama."

Roho ikaniuma. Nikamwambia acheze tena, nitamshonea nyingine, na safari hii wakiuliza nitasimama niseme ni mimi.

Alikuwa anazikunja sketi juu ya meza ya cherehani, moja baada ya nyingine, bila haraka.

"Ulisema utakuja unitoe," akasema. "Hiyo siku nilikungoja. Ndiyo maana nilikaa nimeinama."

Nikachukua sketi ya kwanza, nikafumua pindo.