Fuata Mdomo Wangu

Niliamuru shemeji yangu asagwe, kwa sauti yangu mwenyewe, mchana kweupe, mbele ya watu. Mpaka leo sikumbuki kutoa amri hiyo.

Msinihukumu bado. Someni kwanza.

Mimi ni fundi mkuu wa mitambo kwenye kiwanda cha mikate. Shemeji, kaka wa mke wangu, ndiye anayesafisha mashine ya kukandia unga. Kila asubuhi anaingia mzimamzima ndani ya pipa lake, anakwangua unga uliokaukia kwenye mikono ya chuma.

Swichi iko nyuma ya nguzo. Aliye pale haoni kama kuna mtu ndani ya pipa. Ndiyo maana niliweka sheria, nikaihubiri mpaka watu wakaichoka: "Msifuate mkono wangu, mkono hufukuza hata nzi. Fuateni mdomo wangu."

Mdomo wangu!

Jumatatu ya wiki ile nilitaka spana. Nikasema, "Nipe mto."

Kiwanda kizima kikaangua kicheko.

"Shem, vipi, dada yangu kakufukuza kitandani?" shemeji akanitania.

Na mimi nikacheka. Jumatano yakanitoka maneno mengi yasiyo na kichwa wala miguu, kama dakika moja hivi, kisha nikarudi sawa. Wakanibandika jina la Profesa. Kichwa kilikuwa kizito, nikakipuuza. Ubishi wa mafundi mnaujua.

Mtu mmoja tu hakucheka. Ni yule mama wa kwenye swichi, tunamwita Dada Swichi. Alinitazama weee, kisha akarudi kwenye nguzo yake.

Alhamisi, saa tatu asubuhi. Shemeji yuko ndani ya pipa, naona kisogo chake tu. Msimamizi kasimama karibu na swichi na haraka zake.

"Fundi, tayari?" Dada Swichi akaita.

Nikajibu, "Bado, kuna mtu ndani." Naapa, nilijisikia kabisa nikisema hivyo.

Hakugusa kitu. "Fundi, hebu rudia!"

Nikarudia, hasira zikinipanda. Kwani huyu mama ana masikio ya mapambo?

"Kasema washa mara mbili!" msimamizi akafoka. "Unasubiri akuandikie barua?" Akapitisha mkono juu ya bega la Dada Swichi, akabonyeza.

Tak.

Nilipiga kelele, "Zima! Zima!" Shemeji akainua kichwa, akanikodolea macho kwa hofu ambayo sijawahi kuiona kwa mtu. Baadaye ndipo nikaambiwa nilichokuwa nakipigia kelele.

"Washa! Washa!"

Mashine haikusogea.

"Umeme umekatika," mtu akasema. Lakini mafeni yalikuwa yanazunguka na taa zinawaka.

Dada Swichi akatokeza nyuma ya nguzo. Akaingiza mkono kwenye mfuko wa aproni, akatoa fyuzi ya mashine. Kumbe tangu Jumatatu alikuwa anaichomoa kila asubuhi, na hairudishi mpaka amwone shemeji kwa macho yake yuko nje.

Nilitaka kumshukuru. Mguu wa kulia ukaniishia nguvu, nikaenda chini.

Kiharusi. Daktari alisema mshipa umeziba upande wa kushoto wa ubongo, sehemu inayotuchagulia maneno. Nilijua ninachotaka kusema, ila lilitoka jingine, na ubongo huohuo ulishindwa kunishtua kwamba nimekosea.

"Yale ya Jumatatu yalikuwa onyo," aliwaambia wenzangu walionileta hospitali. "Mngemleta siku ile, huenda tungewahi."

Dada Swichi akaangua kilio. "Niliona hayuko sawa. Niliogopa nikisema atafukuzwa kazi. Nikaona nifiche fyuzi tu, yaishe."

Hapo ndipo nilipochoka. Aliyeona hatari ni yeye peke yake. Akamlinda shemeji, mimi akaniacha niendelee kuchekwa. Kuna siku namshukuru, kuna siku namchukia. Nasema ukweli.

Hii stori imetuchukua miezi minne. Anayeiandika ni shemeji mwenyewe. Natamka, neno linagoma, ananipa jingine na jingine, nakataa kwa kichwa mpaka tunalipata.

Sasa nisikilizeni. Mtu wako akianza kuchanganya maneno ghafla, hata kwa dakika moja, hata akirudi sawa, acheni utani. Mkimbizeni hospitali. Na wewe uliyeona, sema.

Jana tulipofika mwisho nilitaka kumwambia shemeji samahani. Nilijikaza mpaka jasho likanitoka, nikalisema.

Akaacha kuandika. Machozi yakamlengalenga.

Sijui nilisema nini. Nilimshika tu mkono asiliandike hapa, na safari hii akaufuata mkono wangu.