Jina Alilozaliwa Nalo Bibi

Mdogo wangu amenitumia kijitabu kwenye simu. Yeye alipata makazi ng'ambo, na siku hizi wanawe wanaongea puani, basi wamemwuliza mama yao watu wa kwao ni akina nani. Badala ya kuwajibu akanitupia mimi. Wewe unajua familia zilivyo: mimi ndiye niliyebaki Goma, kwa hiyo mimi ndiye wa kutumwa. Kijitabu chenyewe ni mwongozo wa kutafuta historia ya ukoo. Kurasa zake zinang'aa, zina picha za wazee wa Kizungu waliokaa kwenye makochi, albamu magotini, wajukuu wamewazunguka. Kimeandikwa kwa Kifaransa chepesi, cha kumbembeleza mtu. Anza na jina lako, kinasema, kisha la baba na mama, kisha panda juu. Mwishoni kuna mti uliochorwa, na kila tawi lina kisanduku cha kujaza.

Nilianza kujaza nikiwa kwenye mashine yangu ya kushona, hapa mtaani Ndosho, mvua ikipiga mabati. Jina langu lilikuwa rahisi. La baba na la mama pia. La babu nililijua kwa sababu baba yangu alilitumia kama la pili. Nilipofika kwenye kisanduku cha bibi mzaa baba, kidole kikasimama. Bibi ndiye aliyenilea. Nimelala ubavuni kwake miaka yote ya utoto wangu, nimekula kutoka mkononi mwake. Mimi nilimwita Bibi na mlima mzima ulimwita Mama Bahati. Bahati alikuwa mtoto wake wa kwanza, akafa kabla hajaanza kutembea, na jina la yule mtoto ndilo mama yake alilolibeba mpaka naye akafa. Lakini yeye mwenyewe, siku alipozaliwa, waliomzaa walimwita nani? Sikujua. Niliona aibu kwanza, halafu hasira, na hiyo hasira mpaka leo haijanitoka.

Ngoja nikupeleke kule kwetu kidogo, ujue ninamtafuta mtu wa namna gani.

Nyumba yetu ilikuwa mgongoni mwa mlima, huko Masisi, mahali ambapo asubuhi ukitoka nje huoni hata zizi kwa ukungu. Unasikia ng'ombe wa jirani kabla hujawaona. Kazi yangu ya kwanza ilikuwa kuchochea moto, ya pili kuteka maji, na ya tatu, niliyoipenda, ilikuwa kwenda na Bibi kwenye migomba nyuma ya nyumba. Kwetu wanaume wa ukoo walizikwa humo. Juu ya kila kaburi ulipandwa mgomba, kila mmoja wa aina yake, na ukifa machipukizi yake yaliachwa yaendelee. Hapakuwa na msalaba wala jiwe. Wa mwanzo kabisa alikuwa na mgomba wa ndizi za kupika, zile fupi nene. Anayemfuata alikuwa na ndizi za kasiksi, pombe yetu, na watu walisema hata akiwa hai hakuwa mbali nayo. Wa tatu, baba yake babu, alikuwa na ndizi ndogo tamu ambazo sisi watoto tuliziiba zikiwa bado na utomvu.

Sasa sikiliza hapa. Mwanamke aliyeolewa kwetu hakuruhusiwa kutaja jina la baba mkwe wake, wala la mama mkwe, wala la yeyote aliyewatangulia. Ilikuwa heshima, na Bibi alikuwa mtu wa heshima mpaka kwenye kucha. Kwa hiyo alitufundisha ukoo bila kutaja mtu. Alisema, "Nenda ukanikatie majani kwa Muzee wa Tamu," au, "Usikimbie hapo, unamukanyaga Muzee wa Kasiksi." Nilijua nani alizaa nani, nani alihama kutoka mlima gani, nani aligombana na kaka yake juu ya kisima. Nilijua yote kwa ndizi. Nilikuwa mkubwa kabla sijagundua kwamba wale wazee walikuwa na majina ya watu.

Na jioni, akipika maharagwe ndani ya chungu kilichokuwa cheusi kama usiku, alirudia habari zao moja moja huku anapuliza moto. Harufu ya maharagwe yanayokaribia kuiva na moshi wa mti mbichi, hiyo kwangu ndiyo harufu ya ukoo. Bibi alikuwa mlinzi wa watu wote wale. Habari za kwao mwenyewe, alikozaliwa, sikuwahi kusikia hata moja, na sikuwahi kuuliza. Nilidhani ameanzia pale kwenye chungu.

Kisha vita vikapanda mlima. Sitakueleza sana, maana wewe nawe una vyako. Baba aliuawa njiani, na ndiye aliyekuwa mtoto wa mwisho wa Bibi aliyebaki. Siku ya kukimbia mama alibeba sufuria na mdogo wangu. Mimi nilibeba godoro la majani lililooza kwa mvua kabla hatujafika mbali. Bibi alifunga mgongoni, ndani ya kitenge chake kizuri, machipukizi ya migomba yenye udongo wa kwetu. Mama alilia kwa hasira. Chakula kimeachwa, mablanketi yameachwa, na mkwe wake amebeba miche! Bibi alikaza fundo la kitenge, akatangulia.

Tulifika Mugunga, kwenye kambi ya wakimbizi, tukapewa turubai na kipande cha ardhi, kama ile unaweza kuiita ardhi. Ni mawe ya volkano, meusi, makali, yanakata viatu sembuse mizizi. Bibi alifukua kwa mikono na jembe lililovunjika mpini, akapanda wazee wake kwenye mstari mbele ya hema, akawamwagia maji ya kunawia vyombo. Watu walipita wakacheka. Wa kasiksi alikauka kwanza. Wa kupika akafuata. Muzee wa Tamu alitoa jani moja, jembamba, la njano, na Bibi akalifunika kwa nguo asubuhi za baridi kama mtoto. Nalo likafa. Tangu hapo Bibi hakusimulia tena. Alikaa tu mlangoni pa hema akitazama ule mstari wa mawe.

Huko huko akabatizwa, wakati ule wengi walipobatizwa pamoja. Katekista hakuwa na nafasi ya kuchagua majina, akina mama wote wa mstari wake wakaitwa Maria. Masika yaliyofuata ugonjwa wa kuhara ukapita kambini, ukamchukua. Msalaba wake ulitengenezwa kwa ubao wa sanduku. Waliandika kwa makaa: Maria Mama Bahati. Jina la katekista na jina la marehemu mtoto. Mvua haikuchukua muda kulifuta.

Basi, kijitabu cha mdogo wangu kinasema: waulize wazee ulio nao. Mzee niliye naye ni mama yangu, naishi naye. Nilimkuta anachambua sombe, majani ya muhogo, nikamwuliza jina la mama mkwe wake. Alinitazama kana kwamba nimemvulia nguo mbele za watu.

"Mimi nilikuwa bibi-arusi kwa ile nyumba," akasema. "Jina ya mama mukwe haiingiaka mu kinywa. Sasa ningeliuliza ya kufanya nini?"

"Na baba hakukuambia?"

"Baba yako alikuwa anamuita mama. Wewe unaniita nani?"

Akarudi kwenye sombe yake. Nilibaki nimesimama na simu mkononi, kijitabu kinanitazama.

Kinasema: tembelea makaburi, soma maandishi. Nilikwenda Mugunga kwa pikipiki, nikatembea pale tulipomzika, au pale ninapodhani tulimzika. Kambi imejengwa juu yake, imevunjwa, imejengwa tena, imevunjwa tena. Yamebaki mawe, mashimo ya vyoo na vipande vya turubai vinavyopigapiga kwenye upepo. Kinasema: tafuta vitabu vya ubatizo. Nilikwenda parokiani, karani akanihurumia, akaniambia, "Mama, bitabu bya ile miaka biliungua na nyumba. Hata ya kwangu iliungua." Kinasema: rudi kwenye kijiji cha asili. Hapo nilicheka peke yangu mpaka fundi mwenzangu akageuka. Mlima wetu leo ni malisho ya mtu nisiyemjua, na njia ya kwendea ina watu wenye bunduki. Migomba ilifyekwa siku nyingi. Ng'ombe wanakula nyasi juu ya Muzee wa Tamu.

Alibaki mtu mmoja. Kule mlimani tulikuwa na mama jirani, shamba lake lilipakana na la Bibi, na nilisikia bado anaishi, kwenye kibanda kando ya barabara ya Sake. Nilimpelekea sukari na sabuni. Macho yake yamekwisha, lakini aliponishika mkono akanitambua kwa vidole. Tulilia kidogo, kama inavyotakiwa, kisha nikauliza.

"Jina?" akasema. "Eeh, mutoto yangu. Nani alikuwaka anauliza muke ya mutu jina alizaliwa nayo? Akiolewa ni muke ya fulani. Akizaa ni mama ya fulani. Basi. Hata ya kwangu, ni nani angali anaijua?"

Nikamwuliza lake. Midomo ilijaribu kwanza, halafu akalitaja polepole, akacheka kwa haya kama msichana. Niliandika papo hapo, ingawa hana kisanduku kwenye mti wetu.

Nilikuwa nimeshasimama kuaga aliponivuta tena chini.

"Ngoja. Kuna siku kaka yake alikujaka. Mutu wa mbali, mwenye kofia ya ngozi. Ile mara moja tu. Alimuita kwa jina yake, kule kwa lupango. Mimi nilikuwa kwa shamba, upepo ilibeba, sikusikia muzuri. Lakini wewe ulikuwaka pale. Ulikuwa unakula mashanza. Wewe ndiye ulisikia."

Nilirudi Ndosho nyuma ya pikipiki. Nilizunguka mji mzima kulitafuta, kumbe mtu wa mwisho aliyelisikia ni mimi.

Ukurasa wa mwisho wa kijitabu una ushauri niliouruka mara ya kwanza, nikiuona wa watu wasio na kazi. Kaa mahali patulivu. Funga macho. Chagua siku moja ya utotoni, andika kila ulichoona, ulichonusa na ulichosikia. Jumapili mama akiwa kanisani, nilifunga mlango, nikakaa, nikafumba macho.

Ilikuja, rafiki yangu. Yote. Jua lililotoka baada ya mvua, na maharagwe yametandazwa kwenye mkeka. Bibi ameinama anayapiga kwa fimbo, maganda yanaruka, kuku wanagombania. Mimi nimekaa kizingitini na bakuli la mashanza, maziwa yaliyogandishwa vizuri, na nzi mmoja anayenisumbua. Mwanaume anasimama nje ya lupango, ule ua wetu wa miti. Kofia yake ya ngozi imechakaa upande mmoja, kibuyu kinaning'inia begani, miguu ina tope la njia ndefu. Anamtazama yule mwanamke mzee aliyeinama. Kisha anaita, mara moja. Hamwiti Mama Bahati. Hamwiti Bibi.

Fimbo inasimama hewani. Bibi anainua kichwa, na ile sura siijui, ni ya mtu mwingine, mtu mdogo. Anaitika. Sauti nyembamba, ya msichana anayeitwa kutoka mtoni na kaka yake, sauti ambayo sikuwa nimeisikia na sikuisikia tena. Anaitupa fimbo na kukimbia. Bibi yangu, ambaye hata mvua ya mawe haikumkimbiza, anakimbia juu ya maharagwe yake mwenyewe, machozi yanamwagika. Baadaye nilimwuliza alilia nini, akasema moshi.

Nimerudia siku ile mara nyingi tangu Jumapili hiyo. Namwona kaka mtu akifungua kinywa. Naona meno yake, pengo lake la mbele. Kijiko changu kinakwaruza bakuli, hicho nakisikia vizuri kabisa. Mdogo wangu ananiandikia kila asubuhi, amejaza vingine vyote, anauliza kama kile kisanduku kimepata mtu. Sijamjibu. Nitamwambia nini wanawe? Kwamba bibi yetu alihifadhi wazee wote wa watu wengine mpaka mgomba wa mwisho, na hapakuwa na aliyemhifadhi yeye. Kwamba jina lake lilipita hewani mbele yangu, siku moja ya jua, mimi nikiwa na njaa. Nakumbuka alivyoitika. Ningelisikia leo sokoni, katika kelele zote, ningelitambua lile itikio. Jina aliloitikia ndilo nisilolikumbuka.