Mistari ya Ng'ombe Katika Mchoro wa Ndui

Uvumilivu uliniishia pale bomani Dodoma, mwanangu mgongoni, nilipomkuta mwenzangu wa shule ya misheni ameketi kitini karibu na daktari Mjerumani, anakunywa chai na kusifiwa kwa mchoro wangu.

Nasema wangu. Ndui ilipoingia, daktari alimtuma yeye, mkalimani wake kwa wanawake, aulize nani kaugua, wapi na lini. Binti wa seremala kutoka pwani, angejuaje? Akanijia mimi. Nikachora kila tembe, yaani kila nyumba, kisha nikaunganisha tembe kwa mistari: ng'ombe wa nani wako kwa nani. Kwetu Wagogo mtu hafugi ng'ombe wote nyumbani. Wengine huwaweka kwa rafiki wa mbali, ukame usije ukawamaliza kwa mpigo. Mwenyewe huenda kuwaangalia, hunywa maziwa, hulala hapo. Ndui ilikuwa inapita humo humo. Daktari aliujua ugonjwa, mpimaji wa reli aliyemsaidia alizijua njia, ila ya ng'ombe hakuyajua hata mmoja wao.

Shoga yangu akanakili kwa wino, mistari yote akaiacha. Akabakiza barabara ya Kondoa tu. Basi wachanjaji wakafuata barabara, na sisi wa Mkonze, tulio mbali nayo, tukarukwa.

"Mistari yangu iko wapi?" nikamuuliza pale bomani.

"Shoga, tangu lini ng'ombe wakaugua ndui?" Akacheka. "Bwana daktari angetuona wajinga."

"Na wenye ng'ombe je?"

"Mama mtoto, nenda kakamue. Ya karatasi tuachie wenyewe."

Tuachie! Mimi niliyemfundisha hesabu za kugawanya darasani! Wivu ulinishika, sifichi. Nikaisukuma ile chai ikammwagikia mapajani. Askari akanitoa nje.

Kesho yake asubuhi nikaandika kwa mkono wangu, nikapeleka mwenyewe:

"Kwa Bwana Mkubwa wa boma. Nashtaki kwamba mchoro wa ndui umeondolewa mistari ya ng'ombe. Rafiki wa mume wangu alikuja kuangalia ng'ombe wake, akalala kwetu siku tatu, na sasa ametokwa na vipele. Mwanangu alikaa mapajani pake na hajachanjwa. Naomba mchanjaji aje Mkonze leo hii, kisha afuate mistari niliyoichora upya hapa chini. Chai nilimwaga mimi, sikatai. Ila mchoro uandikwe jina langu, na yule aondoke kwenye kile kiti."